Simone Signoret: jina la mama, watu wa baba

Kiangazi cha mwaka 1954, binti mweusi wa miaka 21 kutoka North Carolina alipata kazi ya kupiga piano kwenye baa moja ya Atlantic City, mji wa pwani huko Marekani. Jina lake Eunice Waymon. Mama yake alikuwa mhubiri wa Kimethodisti, na nyumbani kwao muziki wa baa ulihesabiwa kuwa muziki wa shetani, hivyo Eunice alihitaji jina jingine, jina ambalo habari zake zisingemfikia mama. Nusu ya kwanza ilitokana na jina la mahaba aliloitwa na mpenzi wake. Nusu ya pili aliichukua kwa mwigizaji wa Kifaransa aliyemwona sinema akavutiwa naye. Ndivyo tulivyompata Nina Simone.

Mimi nilifika kwa Simone Signoret kupitia mlango huo. Nyimbo za Nina nazisikiliza tangu ujana, na siku moja nikataka kumjua huyo Simone mwingine: ni mwanamke wa namna gani hadi Nina Simone, mtu asiyemwinamia yeyote, aazime jina lake? Nilichokikuta kimenishika mpaka leo. Yule Mfaransa naye alikuwa amevaa jina la kujifichia, na sababu yake ilikuwa nzito kuliko hofu ya kugombezwa na mama.

Alizaliwa Simone Kaminker, tarehe 25 Machi 1921, katika mji wa Wiesbaden, Ujerumani. Baba yake, André Kaminker, alikuwa Mfaransa wa ukoo wa Kiyahudi uliotoka Poland, na wakati huo alikuwa huko pamoja na jeshi la Ufaransa lililokuwa limeshika eneo la mto Rhine baada ya Vita Kuu ya Kwanza. Mama yake, Georgette Signoret, hakuwa Myahudi. Familia ilirudi Ufaransa ikaweka makazi Neuilly-sur-Seine, pembeni mwa Paris, sehemu ya watu wenye nafasi zao. Wakazaliwa wadogo wawili wa kiume.

Huyu baba anastahili kusimuliwa. Alikuwa mkalimani, na si mkalimani wa kawaida: ni mmoja wa watu wa mwanzo kabisa kutafsiri hotuba papo hapo, msemaji akiwa bado anasema. Mwaka 1934 Hitler alipohutubia mkutano wa chama chake Nuremberg, redio ya Ufaransa ilimweka Kaminker kwenye kipaza sauti, na Wafaransa wakamsikia Hitler moja kwa moja kwa sauti yake. Kila nikifikiria jambo hilo hunisisimua. Mtu wa ukoo wa Kiyahudi ameketi studio, anasikiliza mayowe yale sikioni, na kazi yake ni kuyafikisha vizuri, bila kupunguza neno. Binti yake alikuwa na miaka 13.

Mwaka 1940 Wajerumani wakaingia Paris. Baba alivuka bahari akaenda London kujiunga na Jenerali de Gaulle. Mama akabaki na watoto watatu bila kipato, na Simone, mwenye miaka 19, ndiye mkubwa. Akawa yeye ndiye wa kutafuta riziki. Alikuwa amesoma shule moja na Corinne Luchaire, binti ambaye kwa wakati ule alikuwa tayari nyota wa filamu, na baba yake Corinne, Jean Luchaire, alikuwa anaanzisha gazeti la Les Nouveaux Temps. Gazeti hilo lilikuwa upande wa Wajerumani waziwazi. Simone alipewa kazi ya ukarani humo.

Naomba tusilipite hili haraka. Binti wa Kaminker, baba yake yuko London na de Gaulle, anakula mshahara wa gazeti linalowatumikia watu ambao wangemkamata baba huyohuyo. Vita vilipokwisha, Luchaire alihukumiwa kifo akapigwa risasi mwaka 1946. Simone alikuwa ameondoka zamani, mwaka 1941, baada ya miezi michache tu, na angeweza kabisa kukificha kipande hicho cha maisha yake. Hakukificha. Alipoandika kumbukumbu zake, mwaka 1976, alikieleza mwenyewe kwa urefu, bila kujipamba na bila kuomba huruma.

Alikoenda baada ya hapo ni Café de Flore, mkahawa wa Saint-Germain-des-Prés uliokuwa kijiwe cha waandishi, wachoraji, waigizaji wasio na kazi, wakimbizi na wapinzani wa kimyakimya. Aliandika baadaye kwamba yeye alizaliwa pale, jioni moja ya Machi 1941, juu ya benchi la mkahawa. Pale ndipo alipoonjeshwa sinema. Lakini ili uigize chini ya Wajerumani ulihitaji kibali, na Myahudi hakipati. Jina la Kaminker lilikuwa hatari hata kulitamka kwenye foleni. Akachukua la mama. Simone Signoret akaanza kuonekana kwenye filamu bila kibali, kwenye makundi ya watu wanaopita nyuma, hana hata sentensi moja ya kusema. Mwaka 1942 yumo katika Les Visiteurs du soir ya Marcel Carné, na ukitaka kumwona inabidi umtafute.

Maandishi mengi niliyosoma juu yake yanamsifu kama mrembo aliyekubali kuzeeka mbele ya kamera. Sifa hiyo anaistahili, nami nitaifikia. Ila nikizitazama filamu zake kwa mfuatano wa miaka naona jambo jingine. Naona mtu aliyeokolewa na jina la mama, akatumia miaka arobaini kuwarudia watu wa baba, hatua kwa hatua, mara nyingine akipotea njia, hadi mwaka wake wa mwisho alipowafikia.

Mwanzo wenyewe haukuonyesha dalili hiyo. Mumewe wa kwanza alikuwa mwongozaji Yves Allégret. Walipata binti, Catherine, mwaka 1946, wakafunga ndoa 1948. Allégret alimpa nafasi kubwa ya kwanza katika Dédée d'Anvers, akiwa kahaba wa bandarini, na kwa muda watengenezaji wa filamu wakamwona ni wa kazi hiyo tu. Mwaka 1950 ni kahaba tena katika La Ronde ya Max Ophüls. Anazifanya nafasi hizo kwa heshima isiyo ya kawaida. Hamchezi kahaba kwa kujikwatua na kujipinda, anamcheza kama mfanyakazi anayejua saa ya kuingia na saa ya kutoka.

Agosti 1949, katika hoteli ya La Colombe d'Or huko Saint-Paul-de-Vence, kusini mwa Ufaransa, alikutana na mwimbaji Yves Montand. Montand naye alikuwa na jina la kujipachika. Alizaliwa Ivo Livi nchini Italia, baba yake akawakimbia Wafashisti hadi Marseille, na jina la jukwaani linatokana na mama yake alivyokuwa akimwita apande nyumbani. Simone alimwacha mumewe. Walioana na Montand Desemba 1951 wakakaa Place Dauphine, Paris, kwenye kisiwa kilicho katikati ya mto Seine.

Penzi hilo nusura litunyime filamu yake bora ya ujana. Jacques Becker alimtaka kwa Casque d'or, yeye akasita kwa sababu hakutaka kutengana na Montand kwa wiki zote za upigaji picha. Mwisho alikubali. Filamu ilitoka 1952, na ndiyo hasa inayotajwa panaposimuliwa habari ya Nina na jina lake.

Hadithi yenyewe ni ya magenge ya Belleville, Paris, mwanzoni mwa karne ya 20. Marie, mwanamke wa mhuni mmoja, nywele zake za dhahabu zimerundikwa kichwani kama kofia ya askari, anampenda Manda, fundi seremala aliyewahi kufungwa na sasa anataka maisha ya utulivu. Serge Reggiani ndiye Manda. Mwone Signoret wanapocheza dansi mara ya kwanza. Anazunguka mikononi mwa mwanamume mwingine, lakini kila mzunguko ukimrudisha upande alipo Manda macho yake yanamkuta pale pale, hayahangaiki kumtafuta. Hasemi kitu. Mtazamaji unajua kwamba mambo yamekwisha kuharibika kwa kila mtu ndani ya ukumbi ule.

Na mwisho wake! Manda amehukumiwa kukatwa kichwa. Usiku kabla hakujapambazuka, Marie anapanda ngazi za nyumba ya wageni iliyochakaa akakodi chumba ambacho dirisha lake linaona uwanja wa kukatia vichwa. Anasimama dirishani. Becker hatuonyeshi damu, hatuonyeshi kisu kikifika. Anatuonyesha uso wa Signoret. Kisu kinaposhuka, kichwa chake yeye kinaanguka mbele, mara moja, kama kimekatwa uzi. Hakuna kilio wala mkono wa kufunika mdomo. Waigizaji wengi, tena wakubwa, wangetulilia pale. Yeye alielewa kwamba mwanamke aliyekodi chumba ili mwanamume wake asife peke yake hana machozi ya kupoteza muda nayo.

Paris haikuipenda. London ndiyo iliyoipokea, na Waingereza wakampa tuzo ya mwigizaji bora wa kigeni. Kuanzia hapo Uingereza ikawa na mapenzi naye ambayo yalikuja kuzaa matunda makubwa.

Miaka iliyofuata sitaichambua yote. Ipo Thérèse Raquin ya 1953. Ipo Les Diaboliques ya mwongozaji Clouzot, 1955, ya wanawake wawili wanaopanga kumuua mwalimu mkuu, ambayo watu wengi ndiyo pekee wanayoijua. Ni filamu ya kutisha kwelikweli, na Signoret ndani yake ni baridi kama sakafu ya bafu, lakini hadithi ndiyo inayowabeba waigizaji pale, siyo wao wanaoibeba.

Kilichokuwa kikikua ndani yake wakati huo ni siasa. Mwaka 1950 yeye na Montand walitia saini Wito wa Stockholm wa kupinga silaha za nyuklia. Saini hiyo iliwagharimu miaka ya kunyimwa viza ya Marekani. Hawakuwa na kadi ya Chama cha Kikomunisti, lakini walisimama jirani nacho kiasi kwamba kila mtu aliwahesabu humo. Mwaka 1954, mwaka mmoja baada ya Julius na Ethel Rosenberg, mume na mke waliotuhumiwa kuipa Urusi siri za nyuklia, kuuawa Marekani kwa kiti cha umeme, Simone na Montand walipanda jukwaa la Théâtre Sarah-Bernhardt na tamthilia ya Arthur Miller kuhusu wachawi wa Salem, kisha wakaifanya filamu mwaka 1957, mswada wake ukiandikwa na mwandishi Sartre. Ni kisa cha mume anayechagua kunyongwa kuliko kuliacha jina lake chini ya maungamo ya uongo, na Simone ndiye mkewe anayemwachia achague. Sidhani kama aliigiza jambo hilo bila kumkumbuka Kaminker.

Halafu likaja jaribio gumu. Novemba 1956 vifaru vya Urusi viliingia Budapest, mji mkuu wa Hungaria. Montand alikuwa na mkataba wa ziara ya kuimba Urusi, uliosainiwa zamani. Mrengo wa kulia uliwaita wasaliti wakienda, Wakomunisti wangewaita wasaliti wasipokwenda. Walikwenda, Desemba ileile. Huko Moscow, kiongozi wa Urusi, Khrushchev mwenyewe, alikuja kula nao chakula cha usiku pamoja na vigogo wenzake, Molotov akiwemo, na wageni wale wawili wakawauliza kuhusu Hungaria ana kwa ana. Hawakupata jibu la kuwaridhisha. Naona walikosea kwenda, hata kama walisema ukweli mezani, kwa sababu waliokuwa wakifa Budapest hawakuyasikia mazungumzo ya meza ile, na picha za gazetini hazikuwa na sauti. Yeye mwenyewe alilibeba swali hilo kwa miaka mingi.

Basi turudi Uingereza. Jack Clayton alikuwa akitengeneza Room at the Top, kutoka riwaya ya John Braine: kijana maskini wa kaskazini mwa Uingereza, Joe Lampton, anataka kuoa binti wa tajiri, na katikati anampenda kweli Alice Aisgill, mke wa mtu, aliyemzidi umri. Kwenye kitabu Alice ni Mwingereza. Walimgeuza Mfaransa ili Signoret aingie. Alikuwa na miaka chini ya 40, uso umeanza kunenepa, chini ya macho kumeanza kuonekana uchovu, na badala ya kuvificha alivifanya ndiyo Alice mwenyewe. Kila Joe anapozungumza habari za mustakabali wake, Alice anamsikiliza kwa tabasamu la mtu aliyekwisha kuona mwisho wa hadithi. Unamwonea Joe hasira, kisha unajionea hasira mwenyewe kwa kuwa pengine nawe ungefanya kama yeye.

Alishinda tuzo ya tamasha la filamu la Cannes mwaka 1959. Kisha tarehe 4 Aprili 1960, Hollywood, jina lake likasomwa kwa Oscar ya mwigizaji bora wa kike, akiwaacha Audrey Hepburn, Katharine Hepburn, Elizabeth Taylor na Doris Day. Nchi iliyomfungia mlango kwa miaka kadhaa ilimkabidhi sanamu yake ya dhahabu, kwa filamu ndogo ya Kiingereza iliyopigwa picha za rangi nyeusi na nyeupe.

Wiki hizohizo ndizo za Marilyn Monroe. Montand alikuwa akifanya filamu naye, na familia mbili zilikuwa majirani ukuta kwa ukuta katika Hoteli ya Beverly Hills: Simone na Montand upande mmoja, Marilyn na mumewe Arthur Miller upande mwingine. Simone alirudi Ulaya kazini, Montand na Marilyn wakawa wapenzi, na magazeti ya dunia nzima yakamfanya yeye mke wa kuonewa huruma. Ninachokipenda ni alichokichagua kukumbuka. Katika kitabu chake anasimulia Jumamosi ambapo alikuwa akija bibi mmoja mzee kutoka San Diego, aliyewahi kumpaka rangi nywele Jean Harlow, nyota wa filamu wa zamani, na wao wawili, Simone na Marilyn, wakikaa jikoni kutiwa dawa nywele zao huku bibi akiwapa stori za zamani. Anamsimulia Marilyn kwa upole, kama jirani kijana aliyekuwa na mashaka mengi moyoni. Hakumsamehe Montand kirahisi hivyo, na wanaowafahamu walisema alizeeka upesi baada ya mwaka ule. Lakini Marilyn hakumtupia jiwe.

Na akiwa bado yumo kwenye sherehe za Oscar, Septemba 1960, alitia saini tamko la watu 121 waliotetea haki ya vijana wa Kifaransa kukataa kupigana vita vya Algeria. Serikali ilijibu kwa kuwafungia waliosaini wasisikike redioni wala wasionekane televisheni ya taifa. Kwa mwigizaji aliyekuwa kwenye kilele cha soko lake, huko kulikuwa kuchezea mkate wake. Kwetu Afrika majina ya Wafaransa waliosimama upande wa Waalgeria yanajulikana kwa waandishi zaidi, akina Sartre. Ni haki na huyu mama atajwe.

Sasa nakuja kwenye miaka ninayoipenda kuliko yote, 1969 hadi 1977. Alikuwa amepita miaka 45, mwili umejaa, sauti imekwaruzwa na sigara, pombe imeacha alama usoni. Katika filamu nyingi za dunia, zetu za Bongo zikiwemo, mwanamke wa umri na umbo hilo anabakiziwa mama mkwe mkorofi au mchawi wa kijiji. Yeye ndipo alipoingia mahali pake.

L'Armée des ombres ya Jean-Pierre Melville, 1969, ni ya wapiganaji wa siri waliopambana na Wanazi. Signoret ni Mathilde, mama wa nyumbani ambaye familia yake haijui kwamba ndiye ubongo wa kikundi. Kuna mahali anavaa sare ya nesi wa Kijerumani, anaingia na gari la wagonjwa hadi ndani ya makao ya Gestapo, polisi wa siri wa Wanazi, mjini Lyon, na karatasi za kughushi za kumhamisha mwenzao aliyeteswa. Daktari wa Kijerumani anamkagua mfungwa kisha anasema hali yake hairuhusu kusafirishwa. Mathilde anasikiliza. Anaitikia kwa ufupi. Gari linageuza kutoka. Uso wake haubadiliki hata kidogo, na ndani ya kutobadilika huko unauona moyo wake ukipasuka, kwa sababu akipepesa tu watakufa wote.

Mathilde ana kosa moja: anatembea na picha ya binti yake mkobani, ingawa ameshaonywa aiharibu. Anakamatwa, Gestapo wanaipata picha, wanamwambia achague kati ya wenzake na binti. Wanamwachia. Wenzake wanajua maana ya kuachiwa huko, na wanampiga risasi barabarani, mchana, wakiwa ndani ya gari. Anawaona wakija. Anasimama akiwatazama, na kwenye yale macho nimejaribu mara nyingi kusoma kama anashangaa, anaogopa au anashukuru. Ninachojua ni kwamba mwigizaji aliyewahi, akiwa na miaka 19, kupokea mshahara kwa Luchaire ili mama na wadogo zake wale, hakuhitaji kuelezwa jinsi upendo wa familia unavyoweza kukuweka mahali usipopachagua.

Mwaka uliofuata, 1970, akafanya L'Aveu ya Costa-Gavras. Hapo alilipa deni la Moscow. Ni kisa cha kweli cha Artur London, kiongozi wa Kikomunisti wa Czechoslovakia aliyeteswa na wenzake hadi akakiri uhaini ambao hakuufanya, katika kesi ya Prague ya 1952. Washtakiwa walikuwa 14, na 11 kati yao walikuwa Wayahudi; 11 walinyongwa. Montand alijikondesha zaidi ya kilo 10 kumwigiza London. Signoret ni Lise, mke, ambaye akisikia mumewe akikiri redioni anaamini chama kuliko mtu anayelala naye kitanda kimoja, akamkana hadharani. Angeweza kumcheza Lise kama mjinga. Alimcheza kama mtu mwaminifu, na hilo ndilo linaloumiza. Mwaka 1952 akina Simone walikuwa wakipigania maisha ya Rosenberg kwa nguvu zote huku kesi ya Prague ikiwapita. Mwaka 1970 alijitokeza mbele ya kamera kumwigiza mwanamke aliyekuwa upande wa chama.

Le Chat, 1971, iko mbali na siasa. Ni wazee wawili, yeye na Jean Gabin, ndani ya nyumba iliyozungukwa na tingatinga zinazobomoa mtaa mzima huko Courbevoie. Hawasemezani, wanaandikiana vikaratasi. Mume anampenda paka kuliko mke. Mke anamuua paka. Nilipomaliza kuitazama nilikaa muda mrefu bila kuwasha taa. Tamasha la filamu la Berlin liliwapa wote wawili tuzo mwaka huo, na ingekuwa dhuluma kumpa mmoja.

Kisha La Vie devant soi, 1977, iliyoongozwa na Moshé Mizrahi, ambayo nje ya Ufaransa inajulikana kwa jina la Madame Rosa. Signoret alikuwa na miaka 56. Walimvimbisha miguu, wakamzeesha ngozi, wakamfanya bibi kizee wa Kiyahudi, kahaba mstaafu aliyenusurika Auschwitz, kambi ya mauaji ya Wanazi, anayelea watoto wa makahaba wengine kwenye ghorofa ya sita isiyo na lifti huko Belleville, mtaa uleule wa Marie wa Casque d'or. Mtoto anayempenda kuliko wote ni Momo, Mohamed, mvulana wa Kiarabu, ambaye anamlea katika dini ya kwao, maana bibi huyu haoni kwa nini mtoto apotezewe watu wake. Usiku kengele ya mlango ikilia anaamka akitafuta sanduku, akili imerudi kwenye siku waliyokuja kumchukua. Chini ya jengo ana chumba cha siri chenye kiti kikuukuu, anachokitunza ili siku wakirudi awe na pa kujificha.

Filamu ilipata Oscar ya filamu ya kigeni, naye akapata César, tuzo ya filamu ya Ufaransa, ya mwigizaji bora. Ila nikimtazama akishuka zile ngazi na mshumaa, akihema, mkono ukipapasa ukuta, siwazi tuzo. Nawaza kwamba binti Kaminker, aliyepita kwenye vita kwa jina la Signoret, sasa anashuka kwenye shimo ambalo jina hilo lilimwepusha nalo.

Aliendelea kuigiza, lakini macho yalianza kufifia, na akahamia kwenye kalamu. Kumbukumbu zake zilikuwa zimeuzwa kwa wingi sana, kila mtu anazo. Riwaya yake, Adieu Volodia, ilitoka mwanzoni mwa 1985: familia mbili za Kiyahudi, moja kutoka Poland na nyingine kutoka Ukraine, majirani katika rue de la Mare, Paris, mafundi wa manyoya na nguo, kuanzia miaka ya ishirini hadi vita na kukamatwa. Ni kurasa mamia za vyumba vya jikoni, cherehani, watoto wanaojifunza Kifaransa haraka kuliko wazazi wao. Hawa ni watu wa ukoo wa baba yake kabla ya Neuilly, kabla ya ukalimani. Aliwaandika wakiwa hai, wakigombana na kucheka, na msomaji ndiye anayejua kinachowasubiri.

Alitoa pia sauti yake kwenye filamu ya kumbukumbu ya Mosco Boucault, kuhusu wahamiaji, wengi wao Wayahudi na mafundi cherehani, waliopigana na Wanazi ndani ya Paris katika kundi la Manouchian. Filamu iligusa swali la nani aliwaacha wakamatwe mwishoni mwa 1943, Chama cha Kikomunisti kikaja juu, televisheni ya Antenne 2 ikasitasita, na hatimaye ikarushwa Julai 1985. Signoret alikuwa tayari mgonjwa wa saratani ya kongosho. Alifariki tarehe 30 Septemba, nyumbani kwao Autheuil huko Normandy, akiwa na miaka 64. Amezikwa Père Lachaise, Paris, na Montand akamfuata hapo mwaka 1991.

Mtu akiniuliza aanzie wapi, simpi Les Diaboliques, ingawa ndiyo rahisi kuipata. Namwambia aanze na Casque d'or usiku mmoja, kesho yake L'Armée des ombres, ili auone uso uleule baada ya miaka 17, kisha apumzike siku kadhaa kabla ya Madame Rosa. Le Chat aiache hadi awe na mtu wa kuzungumza naye baada ya kuitazama. Adieu Volodia asomaye Kifaransa au Kiingereza ataipata kwa lugha hizo. Kwa Kiswahili bado, na mchapishaji yeyote wa huku atakayeichukua nitakuwa wa kwanza kuinunua.